Kumwambia Mwenzako Usoni

Jioni ya tarehe 23 Oktoba 1871, mjini Ujiji, David Livingstone aliletewa habari mbaya. Alikuwa ameingia siku ileile kutoka Manyema, ng'ambo ya Ziwa Tanganyika, amebaki ngozi na mifupa. Tumaini lake lilikuwa katika shehena aliyotumiwa kutoka Unguja: vitambaa na shanga, vitu ambavyo zama zile ndivyo vilivyokuwa fedha ya bara. Watu wake wakamwambia kwamba Sherifu, aliyekabidhiwa shehena hiyo aifikishe na kuitunza, ameiuza yote. Mwinyi Kheri, mmoja wa wakubwa wa mji, akathibitisha. Walimkataza, alisema, lakini hakusikia. Katika yadi 3,000 za kitambaa haikubaki hata moja, na katika ratili 700 za shanga haukubaki hata uzi.

Sherifu alikuwa na maelezo yake. Alikuwa amepiga ramli kwa Msahafu, ramli ikamwonyesha kwamba Mzungu amefia Manyema. Basi mali ikawa ya marehemu, naye akawauzia rafiki zake kwa bei ya kutupa.

Wizi huo husimuliwa mara nyingi, kwa kawaida kama utangulizi tu wa Henry Morton Stanley kuwasili Ujiji muda mfupi baadaye. Mimi huvutwa na siku za katikati, tangu wizi ulipojulikana hadi Stanley alipofika, kwa kuwa katika siku hizo mwizi na mwibiwa waliishi mji mmoja na kuonana kila kukicha. Sherifu hakujificha. Alimwendea Livingstone akampa mkono. Livingstone alipoukataa, Sherifu akanuna kana kwamba yeye ndiye aliyeonewa. Tangu hapo akawa anakuja mara mbili kwa siku kumtakia kheri, na kila akiondoka huaga kwamba anakwenda kusali. Huku nyuma watumwa wake wanapita kutoka sokoni na vyakula vizuri, vimenunuliwa kwa mali ya huyohuyo anayetakiwa kheri.

Aliyewahi kuishi na mtu aliyemdanganya anaijua salamu hiyo. Mwongo akishajulikana huzidisha upole. Atakuulizia afya, ataleta migebuka miwili mikubwa bila kuombwa, atakumbuka ghafla kwamba mama yako anaumwa mgongo. Na kila unapoitikia, yeye anahesabu kwamba yamekwisha.

Livingstone alivumilia, mwisho akasema. Alimwambia Sherifu kwamba kama yeye angekuwa Mwarabu, mwizi wa namna hiyo angekatwa mkono na masikio yote mawili, na Sherifu mwenyewe analijua hilo. Salamu zake hazitaki.

Neno zito, lakini tutazame lilifanya kazi gani. Mali haikurudi. Sayyid bin Majid, mfanyabiashara aliyemwonea Livingstone huruma, alipendekeza walionunua warudishe bidhaa na wachukue pembe za Sherifu badala yake; wakakataa, ingawa walijua fika kwamba wameshika mali ya wizi. Mkono haukukatwa, na Livingstone hakuwa na mamlaka ya kuukata. Kilichobadilika ni kimoja tu: Livingstone aliacha kushiriki katika mchezo wa kujifanya. Kwangu hilo si dogo. Mtu aliyeibiwa anaweza kukosa njia ya kurudishiwa chake, lakini hawezi kulazimishwa pia kutabasamu.

Katika siku hizohizo Sayyid bin Majid naye alisema neno lake. Alingoja mpaka wakawa wawili peke yao, akamwambia Livingstone kwamba bidhaa hana, ila ana pembe, aruhusiwe auze baadhi ampe kitakachopatikana. Angeweza kulisema barazani akasifiwa na watu. Akaona afadhali alisemee faraghani, asimwaibishe mtu mzima aliyekwisha kuaibika.

Livingstone mwenyewe alifika Ujiji kwa sababu ya ugomvi wa watu wawili wengine waliopita hapo kabla yake. Ugomvi huo ninauona wa kuhuzunisha zaidi, kwa kuwa uliota katika mambo ambayo wenyewe hawakuambiana.

Richard Burton na John Hanning Speke waliingia Ujiji Februari 1858. Walisafiri pamoja, wakaugua pamoja, Speke macho yakimsumbua, Burton hawezi kutembea. Moyoni Speke alikuwa na fundo la miaka mitatu. Usiku wa tarehe 19 Aprili 1855, huko Berbera, pwani ya Somalia, kambi yao ilivamiwa. Katika giza lile Speke alirudi nyuma hatua chache apate kuona vizuri, na Burton akamkemea asirudi, adui watadhani wanakimbia. Basi, ni hayo tu. Katika vurugu hiyo Burton alichomwa mkuki uliopenya mashavu, Speke akapata majeraha kumi na moja. Majeraha yalipona, neno halikupona. Speke alilisikia kama kuitwa mwoga. Alisafiri nalo hadi Tanganyika, akala nalo chakula kimoja na aliyelitamka, wala hakumwuliza alikusudia nini.

Burton alikuja kulijua Oktoba 1858, wakiwa njiani kurudi pwani. Speke alishikwa na homa kali, akaweweseka, akatoa yote: maneno ya Berbera, shajara yake ya Somalia ambayo Burton aliitumia katika kitabu, sampuli zake za wanyama ambazo Burton alizipeleka makumbusho ya Calcutta. Ndiyo kusema mtu alihitaji kupoteza fahamu ili amweleze mwenzake kilichomuuma.

Kabla ya hapo ziwa lenyewe lilikwisha kuwaonyesha jinsi neno linavyopotea njiani. Speke alivuka hadi kisiwa cha Kasenge kumwomba Sheikh Hamed bin Sulayyim jahazi. Alirudi Ujiji na habari iliyomfurahisha Burton kupita kiasi, kwamba mto wa kaskazini, Rusizi, unatoka katika ziwa. Kama ni kweli, Tanganyika ingeweza kuwa chanzo cha Naili. Lakini Speke na sheikh walisemezana kwa kupitia Sidi Mubarak Bombay, ambaye na Speke walielewana kwa Kihindustani. Aprili wakafika Uvira, na huko wana wa chifu wakawaambia kinyume chake: Rusizi unaingia ziwani. Bombay naye akatamka kwamba bwana wake hakumwelewa sheikh tangu mwanzo.

Agosti mwaka huo Speke alirudi Kazeh, Tabora ya leo, akitokea peke yake kwenye ziwa aliloliita Victoria, akatangaza kwamba chanzo cha Naili amekiona. Burton hakuamini. Baada ya siku chache wote wawili waligundua kwamba kila wakilitaja jambo hilo wanaudhiana, wakaliacha. Fikiria watu wawili walio katika msafara mmoja wa miezi hadi baharini, na jambo kubwa kuliko yote maishani mwao halitajwi.

Mwaka uliofuata, kwa maelezo ya Burton, waliagana Aden kwa ahadi ya Speke kwamba hataenda mbele ya Jumuiya ya Kifalme ya Jiografia mpaka wawe wote. Speke alifika Uingereza tarehe 8 Mei 1859 na mara moja akaonana na Roderick Murchison, mkubwa wa jumuiya hiyo. Burton alifika chini ya wiki mbili baadaye, akakuta safari ya pili imekwisha kuwa ya Speke. Kuanzia hapo kila mmoja alimsema mwenzake kwa walimwengu, vitabuni na magazetini. Mdahalo wa ana kwa ana ulipangwa tarehe 16 Septemba 1864 katika mji wa Bath. Siku moja kabla walijikuta ndani ya ukumbi mmoja, wakatazamana, hakuna aliyefungua kinywa. Mchana ule Speke alitoka kwenda kuwinda, akafa kwa risasi ya bunduki yake mwenyewe. Waliochunguza kifo hicho waliamua kuwa ni ajali.

Livingstone alikuwapo Bath katika siku hizo. Baada ya miaka miwili alikuwa tena Afrika, ametumwa kuumaliza ubishi wa chanzo cha Naili. Ule wa Rusizi aliumaliza Novemba 1871, yeye na Stanley, kwa mtumbwi kutoka Ujiji. Mto unaingia ziwani, kama wale vijana wa Uvira walivyosema.

Nimeirefusha habari hii kwa sababu sioni tofauti kubwa kati yake na yanayotokea katika nyumba zetu. Burton na Speke hawakukosa maneno. Walikosa kuambiana. Kila mtu London alijua Speke analalamikia nini, lakini Burton mwenyewe Speke hakumwambia usoni.

Ukitoka kwenye mnara wa Livingstone pale Ujiji kushuka ufukweni, utatembea kidogo, maana ziwa limerudi nyuma tangu zama zile. Huko utawakuta kina mama wakianika dagaa, wengine mchangani, wengine kwenye chanja. Ukisogea Kibirizi au Katonga utakuta hivyohivyo. Uvuvi wa dagaa ni kazi ya giza: vyombo hutoka jioni na taa zao, hurudi alfajiri, na siku za mbalamwezi ndipo wavuvi hupumzika. Samaki wakihama, vyombo navyo huhama, kushuka kusini kwenye vijiji vya Uvinza. Ng'ambo ni Kongo, na kaskazini ni Burundi. Kalemie, Uvira na Rumonge ni miji ya jirani kwa mtu mwenye injini.

Maisha ya namna hii yanaegemea neno la mtu. Mume akisema usiku wa jana chombo hakikupata kitu, mke aliyelala nyumbani atajuaje? Mke akisema mzigo wa dagaa aliopeleka Dar es Salaam umeuzwa kwa hasara, mume atauliza nani? Kadhalika mwenye chombo na nahodha wake, wanaogawana kilichobaki baada ya kutoa mafuta na chakula. Mwaka 2024, Tanzania, Burundi, Kongo na Zambia zilipolifunga ziwa kwa uvuvi kuanzia Mei 15 hadi Agosti 15 ili samaki wazaliane, wanaume waliozoea kulala majini walilala nyumbani miezi mitatu. Si vigumu kuwaza ni simu ngapi zililia usiku, na ni hesabu ngapi za zamani zilifunguliwa.

Mwanamke anayegundua uongo hupewa ushauri mmoja kabla ya mwingine wowote: funika kombe mwanaharamu apite. Atapewa na mama yake, atapewa na somo yake, pengine na shangazi wa mume. Nia yao njema naijua. Wanaogopa nyumba ivunjike, watoto watawanyike, mahari idaiwe. Hata hivyo ushauri huo siukubali, na sababu yangu ni kwamba kombe halifunikiki. Neno ambalo mke hakumwambia mume atamwambia shoga yake; shoga atamwambia dada; kesho litakuwa kwenye stetasi ya WhatsApp, limevikwa maneno ya mafumbo, na keshokutwa mume atalisikia kwa nahodha mbele ya vijana wa chombo. Likifika hapo si swali tena. Mwanamume aliyeaibishwa mbele ya wenzake hatafuti kujibu, anatafuta kulipa.

Namna ya kulisema nayo ina uzito. Kuna mke atakayesema, "Wewe ni mwongo tangu ulivyonioa." Mwingine atasema, "Baba watoto, juzi uliniambia hamkupata kitu. Nimesikia hesabu iligawanywa. Fungu lako limekwenda wapi?" Yule wa kwanza amempa mumewe jina la kuishi nalo, na mtu akipewa jina hana la kujibu, ama alikane ama alivae. Yule wa pili ameuliza jambo lenye siku na lenye kiasi, na mume anaweza kulijibu, kulikiri, au kudanganya tena, na akidanganya tena mke atakuwa amejua kitu ambacho jana hakukijua. Burton alipomfokea Speke alikuwa anasema juu ya hatua tatu nne za miguu. Speke akasikia hukumu juu ya utu wake. Ndiyo maana kosa litajwe kwa siku yake na mahali pake, lisigeuzwe kuwa jina la mtu.

Hapa nitoe tahadhari ambayo sitaki msomaji airuke. Haya ninayoyasema ni ya nyumba ambayo neno hujibiwa kwa neno. Aliyewahi kupigwa asimkabili mtu wake peke yake chumbani. Sheria ya Ndoa ya mwaka 1971 inasema wazi, katika kifungu cha 66, kwamba hakuna mwenye haki ya kumwadhibu mwenzi wake kwa kipigo, na Dawati la Jinsia na Watoto la polisi limewekwa kwa ajili ya watu kama yeye.

Ujiji ni mji wa Waislamu tangu kale, na dini imeupima vizuri uzito wa kutuhumu. Anayemsingizia mwanamke aliyejihifadhi zinaa bila kuleta mashahidi wanne, Surat An-Nur imemwekea viboko themanini, na ushahidi wake haupokelewi. Mume anayemtuhumu mkewe naye hana shahidi ila nafsi yake huapa mara nne, na ya tano hujiombea laana ya Mwenyezi Mungu ikiwa anasema uongo. Mke naye huapa vivyo hivyo kujitetea. Wakishaapizana, ndoa imekwisha, na kwa wanazuoni wengi hawarudiani milele, hata pasijulikane nani alisema kweli. Kutamka peke yake kumefanya kazi ambayo hakuna sulhu itakayoitengua. Ndiyo sababu Surat An-Nisaa ikaweka njia nyingine mapema: mwamuzi mmoja kutoka kwa watu wa mume, mmoja kutoka kwa watu wa mke, wakae, wasikilize. Talaka nayo hutoka kinywani kwa pumzi moja, kisha mtu anakuja kwa shehe Ijumaa kuuliza kama imepita. Hasira ya dakika inapelekwa kuhesabiwa na wanazuoni.

Kwa sheria ya nchi, talaka ya mdomo haitoshi kuivunja ndoa. Hata kwa waliofunga ndoa ya Kiislamu, jambo hupitia kwanza kwenye Baraza la Usuluhishi wa Ndoa, na mahakama hutoa amri yake baraza likishathibitisha kwamba limeshindwa kuwapatanisha na mmoja wao akatenda kile ambacho kwa dini kinaivunja ndoa. Kila kata inapaswa kuwa na baraza kama hilo, na BAKWATA na makanisa nayo yana mabaraza yanayotambuliwa. Ninachokipenda katika utaratibu huu ni kwamba wakili hasimami pale kumsemea mtu, isipokuwa baraza limruhusu. Mume na mke hukaa mbele ya mwenyekiti na wajumbe wachache, na kila mmoja hueleza kwa kinywa chake, mwenzake akisikia. Kwa wengi inaweza kuwa mara ya kwanza.

Wapo wanaoliona baraza kama dirisha la kuchukulia hati tu, waende zao mahakamani. Wajumbe wengine nao hulifanya hivyo: wanawaita, wanawauliza kama bado wanapendana, wanaandika. Ni hasara kubwa. Baraza lililo na subira lingeanza na hesabu, kwa kuwa nyumba nyingi za ziwani zinaugua fedha kabla ya kuugua mapenzi. Katika shauri la Bi Hawa Mohamed dhidi ya Ally Sefu, lililoamuliwa na Mahakama ya Rufani mwaka 1983, majaji walikubali kwamba kazi za nyumbani za mke ni mchango wake katika mali ya ndoa, uamuzi ambao wanawake wa nchi hii wanaufaidi hadi leo. Bi Hawa mwenyewe hakupata kitu, kwa kuwa mumewe alimpa fedha aanzishe mradi wa familia naye akazitumia ovyo. Kumbe uongo wa fedha una pande mbili, na mahakama huzitazama zote.

Kuna maneno machache katika kifungu cha 107 cha Sheria ya Ndoa ambayo natamani yabandikwe ukutani mwa kila ofisi ya kata, kutoka Ujiji hadi Kalya. Kifungu hicho kinaorodhesha mambo ambayo mahakama inaweza kuyapokea kama ushahidi kwamba ndoa imevunjika kiasi cha kutorekebika. La kwanza ni ugoni, na sheria inatilia mkazo ugoni uliofanywa zaidi ya mara moja, au ulioendelea ingawa mwenzi alikwisha kuulalamikia. Wale waliomshauri mwanamke afunike kombe hawajui kwamba walikuwa wanamnyima ushahidi. Sheria inauliza kama alisema. Mume aliyeambiwa akaendelea ana kosa zito kuliko aliyefanya kabla hajaambiwa, maana wa kwanza ameikanyaga sauti ya mwenzake pia.

Kwa hiyo mwanamke, au mwanamume, aliyesema kwa ustaarabu na mwenzake hakuacha, ashike daftari aandike siku aliyosema, alisema nini, alijibiwa nini, na ni nani alikuwapo: mshenga, kaka, shangazi, shehe au mchungaji. Akienda baraza aende na hao. Baraza likishindwa litampa hati, na kwa hati hiyo anaweza kupeleka ombi lake Mahakama ya Mwanzo, ya Wilaya au Mahakama Kuu, na huko ndiko siku zile alizoziandika zitakapohitajika.